SAFARI YA SIKU MOJA KATIKA MIJI YA KALE YA PWANI: FAIDA NA HASARA YAKE

(Hotuba iliyosomwa na Kamati ya Elimu mbele ya mkutano wa wanachama wa tawi la Mombasa)



Katika mkutano uliopita mlituagiza sisi watatu wa Kamati ya Elimu tukapime jambo moja, kisha turudi tuwape habari. Jambo lenyewe ni hili. Kuna watu wa biashara ya utalii wanaouza safari ya siku moja yenye mwongozaji, kuanzia Mombasa mpaka Malindi na kurudi, kutazama miji ya kale. Baadhi yenu mlisema Mfuko wa Maslahi utoe fedha ili wanachama na watoto wao waende. Wengine mkasema la, fedha hizo ni jasho letu, zisitupwe kwa kutazama magofu. Basi tulitumwa tukaione safari hiyo kwa macho yetu. Tumekwenda, tumerudi, na leo tunaweka hesabu mezani.

Tunasema mapema ili msikae mkingoja: safari ya namna hii ina faida kubwa, lakini jinsi inavyouzwa sasa haitufai. Tutaeleza sababu moja moja, kisha tutatoa shauri letu, nanyi mtaamua.

HESABU YA SAA

Mfanya kazi ana kitu kimoja ambacho hana budi kukipima kabla ya fedha, nacho ni saa zake. Siku ya mapumziko ni moja katika juma. Basi tulichukua saa na daftari.

Tuliondoka saa moja ya asubuhi, tukarudi saa tatu ya usiku. Hizo ni saa 14. Katika hizo, saa 6 zilikwisha garini, kwa maana kutoka Mombasa mpaka Malindi ni karibu kilomita 120, na msongamano wa magari pale Mtwapa mnaujua wenyewe. Saa 2 zilikwisha kwa kungoja: kungoja waliochelewa, kungoja mafuta, na kungoja mbele ya duka la vinyago ambalo hatukuomba kupelekwa. Saa 1 ilikuwa ya chakula. Zilizobaki kwa miji yenyewe ni saa 5 tu.

Na saa hizo 5 ziligawanywa hivi: Ngome ya Yesu pamoja na Mji wa Kale wa Mombasa, saa moja na nusu, Jumba la Mtwana, dakika 40, Mnarani, dakika 30, Gede, saa moja, Malindi, saa moja na dakika 20. Mtu aliyelipa fedha yake kuona miji mitano ameona mitano kweli, lakini kama abiria anayechungulia dirishani. Wahenga walisema, haraka haraka haina baraka. Tulipofika Malindi mzee mmoja tuliyekuwa naye garini aliuliza kama lile kaburi la mnara alilolipenda lilikuwa la Mnarani au la Gede, wala katika sisi hapana aliyeweza kumjibu upesi.

MAHALI PENYEWE

Tusije tukafanya mchezo na mambo haya, ndugu. Miji hiyo ni kitu kikubwa.

Ngome ya Yesu, ambayo wenyeji huiita Ngomeni, ilianza kujengwa na Wareno mwaka 1593. Aliyeichora ni Giovanni Battista Cairati, mtu wa Italia. Waarabu wa Oman waliizingira tangu mwezi wa Machi 1696 mpaka Desemba 1698, na waliokuwa ndani waliangamia zaidi kwa maradhi na njaa kuliko kwa risasi. Waingereza nao waliigeuza kuwa jela tangu 1895 mpaka 1958, na mwaka 1962 ikafunguliwa kuwa nyumba ya makumbusho. Mwaka 2011 UNESCO iliiandika katika orodha ya urithi wa dunia. Wengi wetu tumepita chini ya kuta zake kila siku miaka 20, tukienda na kurudi kazini, bila kuvuka mlango.

Jumba la Mtwana ni magofu yaliyo ufukweni mbele kidogo ya Mtwapa, penye msikiti ulio karibu kabisa na bahari. Mnarani iko juu ya mlango wa bahari wa Kilifi, upande wa kusini, na hapo mtu huona chini daraja lililofunguliwa mwaka 1991. Kabla ya daraja hilo watu walivuka kwa feri. Hapo pawili pana uzuri na kimya, na panastahili siku yake, wala si dakika 30.

Gede ndipo tulipofungua macho. Ni mji mzima ndani ya msitu, wenye ukuta wa nje uliozunguka kama eka 45, msikiti mkuu, jumba la mfalme, visima virefu, vyoo ndani ya nyumba, na kaburi lililoandikwa mwaka wa 802 wa Hijra, ndio 1399 kwa hesabu ya Kizungu. James Kirkman alianza kuuchimba mwaka 1948. Wachimbaji walikuta vyombo vya kauri na sarafu kutoka Uchina, na shanga kutoka nchi za mbali. Hata hivyo mji huo uliachwa mwanzoni mwa karne ya 17, na wataalamu hawajapatana sababu: wako wanaosema ni vita, na wako wanaosema maji ya visima yalishuka. Mwaka 2024 nao umeandikwa katika orodha ya urithi wa dunia.

Malindi ndiko alikofika Vasco da Gama mwezi wa Aprili 1498, akapewa rubani wa kumwelekeza Bara Hindi. Huko ndiko alikotoka twiga aliyepelekwa Uchina mwaka 1415. Pana nguzo ya Wareno juu ya jabali la bahari, na karibu na Msikiti wa Juma pana makaburi ya minara.

Hayo ndiyo mambo ambayo mwongozaji alituonyesha, naye alisema kweli kwa sehemu kubwa.

MAMBO AMBAYO HATUKUAMBIWA

Sasa, ndugu wanachama, sisi ni watu wa chama cha wafanya kazi. Tukitazama ukuta, swali letu la kwanza si nani alikaa ndani, bali nani aliujenga. Tuliliuliza swali hilo mahali pote, na jibu lilikuwa jembamba.

Kuta zile zimejengwa kwa mawe ya matumbawe. Yako yaliyochimbwa nchi kavu, na yako laini yaliyokatwa baharini yakiwa bado na maji, yakachongwa kabla hayajakauka. Chokaa ilichomwa kwa kuni nyingi. Dari zilishikwa na boriti za mikoko, na kwa kuwa boriti haina urefu mkubwa, vyumba vyote vikawa vyembamba. Maana yake ni kwamba upana wa chumba cha tajiri ulipimwa na mti uliokatwa na mtu aliyesimama matopeni. Ngome ya Mombasa nayo ilijengwa kwa mikono ya mafundi wa mawe walioletwa kutoka Bara Hindi na vibarua waliotoka Malindi. Hayo yangeelezwa kwa dakika tano tu, nasi tungetoka tumeshiba.

Tena pale Gede, nyumba zinazosimama ni za wenye mali. Watu wa kazi walikaa katika nyumba za udongo na makuti katikati ya zile za mawe, nazo zimeoza, hazikuacha kitu cha kupigwa picha. Asiyeambiwa jambo hili atarudi kwake akidhani mji mzima ulikuwa wa matajiri.

Na Malindi je? Tulisikia habari ya twiga, tukasikia habari ya Vasco da Gama. Hatukusikia kwamba katika miaka ya 1860 mji huo ulifufuliwa kwa mashamba makubwa ya mtama na ufuta, na waliolima walikuwa watumwa. Hatukusikia habari za watoro waliokimbia mashamba hayo wakajijengea vijiji vyao bara. Utumwa ulifutwa kwa sheria katika pwani hii mwaka 1907, na huo si mwaka wa mbali: katika sisi wako ambao babu zao walikuwa wamekwisha zaliwa. Tena tulipita karibu na bustani yenye sanamu ya Mekatilili wa Menza bila gari kusimama. Mama huyo ndiye aliyewaongoza Wagiriama mwaka 1913, walipokataa kodi na kupelekwa kazini kwa nguvu. Ikiwa safari ya wafanya kazi inapita hapo bila kusimama, itasimama wapi?

Hata hapa Mombasa, mwongozaji alitutoa Mji wa Kale akatupeleka barabara ya Malindi moja kwa moja. Majengo haimo katika safari yake. Lakini ni Majengo, katika kiwanja kilichoitwa Kiwanja cha Maskini, ambapo maelfu ya watu wa bandari, reli, mahoteli na majumbani walikuwa wakikusanyika katika mgomo mkuu wa Januari 1947. Mgomo ule ulidumu zaidi ya siku kumi. Chege Kibachia aliyekuwa kiongozi wa chama chao alikamatwa mwaka huo huo akapelekwa mbali. Hiyo pia ni historia ya mji wa pwani, nayo ni yetu kuliko nguzo ya Mreno.

HABARI YA MWONGOZAJI

Wako waliouliza kama mwongozaji anahitajiwa. Twajibu: anahitajiwa sana. Bila mtu wa kueleza, Gede ni mawe na mizizi. Kijana aliyetupokea pale alituonyesha vidaka ukutani palipowekwa taa, akatuonyesha mfereji wa maji ya kutawadha, na mahali mfalme alipoketi kuamua mashauri. Tungepita hapo mara kumi tusingeona.

Lakini mwongozaji mzuri ana alama zake. Ya kwanza, aseme kwa lugha ya watu alio nao. Yule wa garini alianza kwa Kiingereza, na wote garini walikuwa wananchi. Tulipomwomba aseme Kiswahili alifurahi, na maneno yake yakawa matamu maradufu. Ya pili, atenge kilichothibitika na kinachovumishwa. Zamani ilivuma kwamba rubani wa Vasco da Gama alikuwa Ahmad ibn Majid, yule bingwa wa bahari wa Kiarabu. Wataalamu wameikataa habari hiyo, lakini tulihadithiwa kama jambo la hakika. Ya tatu, akiulizwa asilolijua, aseme silijui. Wa Gede alisema hivyo mara mbili, nasi tukamwamini zaidi.

DEREVA NAYE NI MFANYA KAZI

Jambo hili twaliweka peke yake kwa sababu lilituuma. Dereva wetu alikuwa kazini saa zile zote 14, na kabla yetu alikwisha osha gari. Sheria ya barabara inakataza dereva wa gari la abiria kuendesha zaidi ya saa 8 katika saa 24. Yeye hakuzipita, maana aliendesha saa 6. Lakini kungoja juani si kupumzika. Wakati wa chakula alikula amesimama. Mwongozaji naye alituambia kwamba siku nyingine tegemeo lake ni bakshishi.

Hatutaji jina la wenye safari, kwa kuwa hatukutumwa kushtaki mtu, na twajua mtindo huu si wa mmoja. Lakini chama cha wafanya kazi hakiwezi kununua siku ya furaha kwa mgongo wa mfanya kazi mwingine. Gari lolote tutakalokodi, mapatano na yaandikwe: dereva apate chakula kama sisi, apumzike mahali penye kivuli, na ujira wake ujulikane kabla ya safari.

HESABU YA FEDHA

Bei hubadilika, kwa hivyo hatutaji shilingi ngapi. Tunataja jinsi ya kuhesabu. Bei tuliyoambiwa kwanza haikuwa na kiingilio, wala chakula, wala bakshishi. Mwanachama akisikia bei, aulize: ndani yake mna nini? Kiingilio cha mwananchi ni kidogo kuliko cha mgeni wa nchi za nje, na cha mtoto ni kidogo zaidi. Lakini lazima uonyeshe kitambulisho, na anayekisahau nyumbani huenda akaambiwa alipe kama mgeni.

Gharama kubwa ni gari. Na gari halipungui bei kwa kuwa mmekwenda wachache. Watu 30 wakijaza basi moja, kila mmoja hulipa sehemu ndogo. Watu 7 katika gari dogo hulipa mara kadhaa ya hiyo. Hapo ndipo umoja unapoonekana mfukoni, si katika nyimbo peke yake. Na chakula cha kubeba, wali na samaki au chapati na maharagwe, hupunguza mzigo wa hotelini.

KWA NDUGU WANAOPINGA

Ndugu mmoja alisema mkutanoni, “Mawe ya kale yatatujaza tumbo?” Ni swali la haki, na kodi za nyumba na karo za shule zinamkaba kila mtu hapa. Twamjibu kwa heshima: hayajazi tumbo. Na kama fedha ya safari ingetoka katika fungu la misiba au la ugonjwa, sisi wenyewe tungekuwa wa kwanza kupinga. Lakini fungu la elimu lipo, mmelichanga wenyewe kwa kazi hiyo.

Tena ndugu yetu afikiri hivi. Watu wanavuka bahari kuja kutazama mahali ambapo mtoto wetu anafika kwa nauli ya matatu. Mtoto huyo akikua bila kujua kwamba mikono ya watu kama baba yake ndiyo iliyokata mawe yale, ataamini atakaloambiwa: kwamba kila kilicho kizuri katika nchi hii kililetwa na mwingine. Mfanya kazi mwenye kuamini hivyo hawezi kusimama mbele ya mwajiri akadai haki yake kwa sauti kamili. Hiyo ndiyo faida tuliyoiona, nayo haiandikwi katika risiti.

SHAURI LETU

Baada ya kupima yote, Kamati inaleta mbele yenu mambo haya:

1. Tusinunue safari ya miji mitano kwa siku moja. Mtaka yote hukosa yote.

2. Tuanze na Mombasa yenyewe, kwa miguu, Jumapili asubuhi: Ngome, Mji wa Kale, kisha Majengo. Nusu siku yatosha, gari halihitajiwi, na wazee wanaokumbuka Majengo ya zamani waombwe waseme nasi.

3. Safari ya pili iwe Gede na Malindi tu, kwa basi la kukodi. Tuondoke saa kumi na mbili alfajiri, tufike Gede kabla ya jua kali, tukae saa mbili kamili. Malindi tusimame kwa Mekatilili kabla ya kwenda kwenye nguzo. Saa tisa alasiri tugeuze gari ili watoto wafike nyumbani mapema.

4. Jumba la Mtwana na Mnarani zingoje mwaka mwingine, zipate siku yao.

5. Tuchukue waongozaji wa pale pale, waseme Kiswahili, na tuwaandikie mapema maswali yetu: nani alijenga, nani alichimba kisima, nani alilima, na alilipwa nini?

6. Mfuko ulipe nusu, na mwanachama nusu. Cha bure hakina mwenyewe. Lakini mwanachama mwenye watoto wengi asibaki nyuma kwa sababu ya wingi wao.

7. Kila anayekwenda avae viatu imara na kofia, achukue maji na kitambulisho. Akina mama wachukue leso, na wote tuvae kwa adabu, maana Mji wa Kale ni mtaa wa watu na misikiti yake inasaliwa. Asipande mtu juu ya kuta, wala asiokote kigae hata kimoja. Kigae kikitoka mahali pake kimekufa, hakiwezi tena kusema kitu.

Ndugu Mwenyekiti, hayo ndiyo tuliyoyaona na kuyapima. Tunaomba mjadala ufunguliwe, na hasa twataka kuwasikia wale waliopinga, kwa kuwa fedha ni yao pia. Mkikubali, orodha ya majina ya safari ya kwanza iko kwa Karani, na nafasi ya kujiandikisha ni mpaka mwisho wa mwezi.

Umoja ni nguvu.